Pumziko la Mstari wa Tatu

Kwa Mheshimiwa Mwenyekiti,
Kamati ya Nyimbo na Ibada,
ambaye pia ni shemeji yangu, ingawa tangu apewe kiti chenye mikono hajapita dukani kwangu hata kusalimia.

YAH: OMBI LA KUFUTA HISTORIA NA MAANA ZA NYIMBO ZOTE ZA IBADA

Shemeji Mheshimiwa,

Nakusalimu kwa heshima zote zinazostahili cheo chako, na zile chache zilizobaki nakusalimu nazo kama mume wa dada yangu. Mimi ni mzima. Cherehani ni nzima. Majoho ya kwaya mliyoleta kuongezwa upana yako tayari, na nimeyaongeza kiunoni bila kumtaja mtu, kwa kuwa mimi ni fundi ninayejua kutunza siri za watu. Siri ndizo zilizonifanya leo nishike kalamu badala ya mkasi.

Kama unavyojua, maana ulinyoosha mkono wewe mwenyewe, Kamati yako imeanzisha kipindi kinachoitwa Tuujue Wimbo Wetu. Kila Jumapili, kabla hatujafungua kinywa, Mwalimu wa Kwaya anasimama mbele na makaratasi yake kutueleza wimbo ulitungwa na nani, mtunzi alikuwa analia nini, na kila neno lina maana gani. Mwalimu, ambaye siku hizi ndiye anayetupigia kinanda, ni kijana msomi, mpole, mwenye shati lililopigwa pasi sawasawa, na sina ugomvi naye isipokuwa huu nitakaoueleza kwa urefu. Naomba usome mwenyewe mpaka mwisho, usimpe dada yangu akusomee huku wewe unakula.

Malalamiko yangu ni haya.

1. Misiba. Nimeimba nyimbo za kitabuni tangu naanza kung'oka meno ya utoto, na siku zote nilidhani zinatoka kitabuni tu, kama vifungo vinavyotoka kwenye pakiti. Sasa nimeelimishwa kwamba hakuna mtu aliyewahi kutunga wimbo wa ibada akiwa na afya njema. Kwa mujibu wa Mwalimu, mmoja alikuwa kipofu. Mwingine alizika mke na mtoto kwa pamoja. Mwingine nyumba iliungua, na mwingine alikuwa kwenye meli inayozama na badala ya kusaidia wenzake kuchota maji akakaa chini kutafuta vina. Tumefika karibu nusu ya kitabu na bado hatujakutana na mtunzi aliyekula, akashiba, akalala, akaamka, akatunga.

Matokeo yake unayaona. Muuza bucha anayekaa mbele yangu, mwenye sauti nene kuliko wote, amenyamaza kabisa. Nilipomuuliza akaniambia, "Fundi, mimi naimbaje maneno ya mtu aliyezika wanawe, na nimetoka nyumbani nimegombania paja la kuku?" Mke wangu naye analia wakati wa maelezo, na wimbo ukianza anakuwa bado anatafuta leso, kwa hiyo sauti ya kwanza imebaki na pengo. Mimi mwenyewe nimepekua maisha yangu yote nikitafuta balaa linalolingana na ubeti wa pili, nikaambulia sindano iliyonichoma kidole. Nimeanza kuona aibu kwa kuwa sijapata msiba wa kutosha.

Marehemu baba yangu, mwoka mikate, aliimba besi kwenye benchi la mwisho kabisa karibu na mlango, unga ukiwa bado kwenye nyusi. Alikuwa anatoka kwenye tanuru moja kwa moja, anaimba, kisha anarudi nyumbani kulala. Hakujua historia ya wimbo hata mmoja, na sijasikia wimbo uliokuja kumdai.

2. Maana. Hapa mmefanya uharibifu ambao sijui mtaurekebishaje. Upo ule wimbo ambao mwimbaji anasema yuko tayari kupelekwa kokote, saa yoyote, bila kuuliza swali. Tumeuimba miaka na miaka kwa nguvu zote, tena kwa kupiga makofi. Mwalimu akatueleza kwamba kokote ni kokote kweli, na bila kuuliza ni bila kuuliza. Fundi saa akafunga kitabu chake pale pale, akasema kwa sauti ya kusikika kwamba yeye ana duka. Sasa ukiimbwa wimbo huo watu wanachagua mistari ya kuimba kama wanachagua nyanya, na ubeti wa mwisho umebaki kuwa wa watoto na wagonjwa.

Tena wapo wale mawifi wawili ambao hawajaongea tangu harusi iliyowakutanisha. Kila mwezi walikuwa wanakaa benchi moja na kuimba wimbo wa kusameheana, mmoja sauti ya kwanza, mwingine ya pili, na zilikuwa zinapatana vizuri mpaka unasisimka. Walikuwa hawajui wanasema nini. Mwalimu alipowaeleza, mmoja alibeba mkoba wake akahamia upande wa wanaume. Tulikuwa na amani nzuri sana ya kutoelewa, Mheshimiwa, nanyi mmetunyang'anya.

3. Mahadhi. Mwalimu alitueleza pia, kwa furaha kubwa, kwamba mahadhi ya wimbo wetu wa meza ya Bwana yalikuwa zamani ya wimbo wa walevi wa nchi za mbali, na kanisa likaazima tu. Huenda ni kweli, huenda si kweli, mimi ni fundi nguo. Lakini Kamati yako ilikuwa imeshafunga spika nje, na nje, upande wa pili wa ukuta, kuna kilabu. Walisikia kila neno. Tangu siku hiyo wanaimba na sisi kila Jumapili, sauti zote, na naumia kukiri kama mtu wa besi kwamba besi yao ni nzuri kuliko yetu. Mzee wa mlango, ambaye wimbo wa kufungulia ibada ukiisha hufunga mlango na hafungui mpaka sala ndefu ipite, hata ukija na jeneza, amejaribu kuwafungia na dirisha. Haikusaidia. Juzi mmoja wao alinisimamisha barabarani akaniambia, "Fundi, waambie wenzako huo wimbo tumewaazima tu. Wasiuchakaze."

4. Mahubiri yamekuwa mafupi. Hili silalamikii. Nimeliandika ili ujue kwamba mimi ni mtu wa haki.

5. Pumziko. Hapa naomba uweke kikombe chini.

Wimbo wetu wa kufungulia ibada, kwenye mstari wa tatu wa ubeti wa kwanza, una mahali ambapo kanisa zima linanyamaza. Kitabuni hakuna alama yoyote. Makanisa mengine, nimesikia kwa masikio yangu kwenye harusi za watu, yanapita hapo kama gari lililokatika breki. Sisi tunasimama. Tunanyamaza muda wa mtu kuvuta pumzi ndefu na kuishusha, kisha tunaendelea kana kwamba hakuna kilichotokea. Mgeni anajulikana hapo hapo, kwa kuwa anabaki anaimba peke yake, na ibada ikiisha watu wanampa mkono wa karibu kwa huruma.

Hakuna aliyetufundisha. Tumelikuta, tukalipenda, na kila mtu ameliwekea lake. Mchungaji mstaafu alilihubiri mara nyingi, akasema ndipo mahali ambapo roho inavua viatu. Kina mama wanaweka pale maombi ambayo hayasemeki kwa mdomo. Mke wangu ana lake, analiweka pale tangu tuoane. Sijawahi kumuuliza ni lipi, ila huwa anafumba macho na kukunja uso kwa upande wangu.

Na wewe, Mheshimiwa, usijifanye umesahau. Dada yangu alipolazwa, mtoto amekaa vibaya tumboni na madaktari hawasemi kitu, ulikuja kanisani peke yako, shati umevaa ndani nje. Baadaye uliniambia pale uani kwamba yote uliyotaka kumwambia Mungu uliyasema kwenye pumziko, kwa sababu kwingine kote sauti ilikataa kutoka. Mpwa wangu leo anakaribia kukupita urefu. Nawe ukaenda ukanyoosha mkono.

6. Sasa nafika kwenye jambo ambalo lingekuwa la kwanza kama ningekuwa na ujasiri.

Majuma machache yaliyopita Mwalimu alisimama akatangaza kwamba amelichunguza pumziko na amekuta halina maana yoyote. Naandika maneno yake kama yalivyo: "Ni kosa la mpiga kinanda wa zamani ambaye hakujua kuhesabu mapigo, na waumini wakalirithi." Watu wakacheka, kile kicheko kidogo cha adabu cha kanisani. Wewe ulikuwa mbele, tai shingoni, ukatikisa kichwa kukubali. Akasema kuanzia Jumapili hii inayokuja tutapita moja kwa moja kama kitabu kinavyotaka.

Mpiga kinanda wa zamani, shemeji, alikuwa benchi la pili upande wa kushoto, amevaa gauni la bluu nililomshonea kwa mikono yangu. Ni mama yangu. Ni mama mkwe wako, yule aliyekukaribisha mezani siku ulipokuja kujitambulisha ukamwaga mchuzi. Watoto wa mtaani wanamwita Bibi Kinanda, naye anaitika. Masikio yake ni mazito kwa kila kitu asichotaka kukisikia, lakini hilo lilimfikia. Alifunga mkoba wake, akasubiri ibada iishe, akaniomba nimshike mkono tukiteremka ngazi, yeye ambaye huwa hapendi kushikwa.

Tangu siku hiyo hajaja kanisani. Akiulizwa anasema miguu. Jumapili anashinda jikoni anapanga vijiko ambavyo vilikwisha kupangwa, na kengele ikilia anaongeza redio. Nimeumia, shemeji. Nimeumia sana, na sioni aibu kuliandika hilo kwenye barua ya kiofisi.

Kinachonikera zaidi ni kwamba historia ya pumziko ninaijua mimi. Nikiwa mtoto nilikuwa nakaa sakafuni ubavuni mwa kinanda, kile cha zamani cha kukanyaga, chenye kioo kidogo juu yake cha kumwonea mchungaji aliyekuwa nyuma yake. Macho yangu yalikuwa sawa na miguu ya mama. Kinanda kile kilitaka upepo muda wote; ukiacha kukanyaga kinakoroma na kunyamaza. Na goti lake la kulia lilikuwa bovu. Kwenye mstari wa tatu miguu ilisimama, mkono ukashuka ukasugua goti, kisha miguu ikaendelea. Hivyo kila Jumapili. Basi ndiyo hiyo historia. Pumziko letu lote, na mahubiri yake, na machozi yake, ni goti la mama yangu.

Nimefunga mdomo maisha yangu yote, kwa sababu nani anataka kuambiwa kwamba sala yake kubwa kuliko zote aliiweka ndani ya goti la mtu? Ungefurahi wewe kujua kwamba mwanao alizaliwa salama kwa njia ya goti? Hivyo ndivyo historia inavyofanya kazi, Mheshimiwa. Ukivuta uzi mmoja tu wa pindo, gauni zima linashuka mbele za watu.

Kwa sababu hizo zote naomba Kamati ikae haraka na kuamua yafuatayo:

(a) Kipindi cha Tuujue Wimbo Wetu kifungwe, na tuliokwisha kuelimishwa tusaidiwe kusahau.

(b) Majina ya watunzi yaliyoandikwa chini ya kila wimbo yafunikwe. Nitashona vitambaa vidogo vya kufunikia, kwa mkono wangu, bila malipo, rangi mtachagua.

(c) Ikionekana bado watu wanaelewa, maneno yenyewe yafunikwe pia, tuwe tunaimba kwa kuguna. Kuguna hakuna mtunzi, hakuna maana, na sijamwona mtu aliyehama benchi kwa ajili ya mguno.

(d) Kamati itangaze rasmi kwamba nyimbo hazikutungwa na mtu yeyote. Zilikutwa tayari zimejalidiwa.

(e) Mwalimu apelekwe masomoni, mbali, kozi ndefu, ya jambo lisilohusiana na muziki. Napendekeza ufugaji wa nyuki.

(f) Pumziko libaki pale lilipo. Lisielezwe na mtu yeyote, milele. Atakayeuliza aambiwe ni la kupumzika.

Nisipopata jibu kabla ya Jumapili, nitalazimika kuyarudisha majoho katika upana wake wa zamani, na mtapanda kuimba hivyo hivyo, kila mtu ajue la kufanya na tumbo lake.

Nisalimie dada yangu, umwambie sufuria yake iko kwangu na haijapotea. Wasalimie wanao wote, hasa yule wa kwenye pumziko. Msalimie muuza bucha, fundi saa, mzee wa mlango, na wale mawifi, kila mmoja kwenye benchi lake. Mwalimu naye msalimie, kwa kiasi.

Wako kwenye besi na kwenye ukoo,

Shemeji yako,
Fundi wa majoho

Nyongeza: Barua hii ilikuwa imeshaingia kwenye bahasha. Mama alikuwa amekaa hapa dukani kwenye kiti cha wateja, akaniuliza naandika nini kirefu hivyo na suruali za watu zinaningoja. Nikaitoa nikamsomea. Nilitaka ajue kwamba anatetewa. Alisikiliza, kwenye nyuki akatabasamu, na nilipofika kwenye goti nikarudia ili asikie vizuri.

Akasema, "Goti gani?"

Nikamwambia goti lake, la kulia, nililiona kwa macho yangu. Shemeji, mama alicheka mpaka akavua miwani. Akasema goti alikuwa analisugua ili mchungaji afikiri ni goti. Na kioo kile hakikuwa cha mchungaji. Mchungaji alikuwa na sauti ya kutosha, hakuhitaji kuonekana. Kioo kilikuwa cha mlango.

Baba alikuwa anatoka tanuruni amechelewa kila Jumapili, anakuja mbio na nguo za kazi, na mzee wa mlango wa wakati ule alikuwa kama huyu wetu: wimbo ukiisha, umebaki nje. Kwenye mstari wa tatu ndipo baba alipokuwa anatokea mlangoni. Anavua buti, anazishika mkononi. Mama akimwona kwenye kioo anasimamisha miguu, kinanda kinanyamaza, kanisa linanyamaza. Baba anaingia kwa soksi mpaka benchi la mwisho, anakaa, anavuta pumzi. Ndipo miguu inaanza tena, na besi imo.

"Tungeendelea bila yeye," alisema, "angekuta wimbo umeshaondoka."

Nikamuuliza, na baba alipofariki? Akasema Jumapili ya kwanza baada ya mazishi alikusudia kupita moja kwa moja, asije akaangua kilio mbele za watu. Hakusimamisha miguu. Lakini kanisa likasimama lenyewe, wote, na yeye akabaki anapiga peke yake kama mgeni. Akanyamaza nao. Hajui kama waliokuwa nyuma walikuwa wanajua siku zote, au yalikuwa mazoea tu. Hakuwahi kuwauliza. Wala mimi, mwanawe, sikuwahi kumuuliza yeye, nimekaa na goti langu miaka yote hii.

Kwa hiyo, Mheshimiwa, futa namba moja mpaka sita. Futa vitambaa, futa kuguna, futa nyuki. Mama anakuja Jumapili. Gauni la bluu liko kwenye pasi sasa hivi. Anataka historia ya pumziko isomwe mbele ya watu wote, polepole, na spika ya nje ifunguliwe hadi mwisho ili wale wa kilabu nao wasikie. Anataka aisome Mwalimu mwenyewe. Hana kinyongo naye. Anasema kijana anapiga vizuri sana, ila hamngoji mtu. Tena anaomba mzee wa mlango auache mlango wazi hata wimbo ukiisha.

Na kuhusu mapigo amenituma hivi, nami nakuandikia kama alivyosema: "Mwambie kuhesabu najua. Nilikuwa nahesabu hatua za baba yako."